Euripides na Bahati ya Herufi

Mwaka 431 KK, katika mashindano ya tamthilia ya tamasha la Dionysos mjini Athens, waamuzi waliiweka kazi ya mtunzi Euripides nafasi ya tatu, yaani ya mwisho. Humo ilikuwamo *Medea*, kisa cha mke mgeni aliyeachwa na mumewe akalipiza kisasi kwa kuwaua wanawe aliowazaa mwenyewe. Hukumu ile inaeleza mengi. Katika maisha yake yote Euripides aliandika tamthilia zipatazo 90 na kushinda mara nne tu, labda kwa kuwa aliwapa ulimi watu ambao Athens haikuzoea kuwasikiliza: wanawake, watumwa, mateka.

Ujasiri wake mkubwa kuliko wote naona ni wa mwaka 415 KK. Miezi michache kabla, Waathens walikuwa wameuteka mji wa kisiwa cha Melos, wakawaua wanaume na kuwauza wanawake na watoto utumwani. Euripides akawaketisha raia haohao mbele ya *Wanawake wa Troya*, wajane wanaogawanywa kama nyara huku mtoto mdogo akitupwa kutoka ukutani. Miaka miwili baadaye jeshi la Athens liliangamia Sisilia, na mwandishi wa kale Plutarch anasimulia kwamba baadhi ya mateka walinusurika kwa kuwafundisha wenyeji mashairi ya Euripides waliyoyakumbuka.

Alifariki Makedonia mwaka 406 KK. *Bacchae*, iliyochezwa baada ya kifo chake, ikamletea ushindi wa tano.

Zimetufikia tamthilia 19, ingawa wataalamu wengi wanakana kwamba *Rhesus* ni yake. Kumi kati ya hizo walizichagua walimu wa kale kwa ajili ya shule. Tisa zilizobaki hakuzichagua mtu. Zimetokana na mkusanyo uliopangwa kwa herufi za Kigiriki, kuanzia epsiloni hadi kapa, uliosalia katika nakala ya karne ya 14 iliyoko Florence. Kwa bahati hiyo tunayo *Helena*, ambamo Helena halisi alikuwa Misri muda wote na vita vya Troya vikapiganiwa kivuli chake, na *Cyclops*, mchezo wa pekee wa masatiri, viumbe nusu mtu nusu mnyama, uliosalia mzima. Bila herufi hizo tungemjua Euripides wa darasani tu.

Na mchanga wa Misri bado unamrudisha: mwaka 2022, huko Philadelphia ya Fayum, kaburi moja lilitoa kipande cha mafunjo chenye mistari 97 ya *Ino* na *Polyidos*, tamthilia mbili zilizodhaniwa zimepotea karibu zote.