Somo la Historia: Wavulana wa Kiungani na Kazi ya Kutunga Hadithi



Somo hili lilisomwa kwanza katika radio, na sasa limepigwa chapa kwa ajili ya madarasa ya watu wazima ya Kibaha na Kisarawe. Lisome polepole. Kama mwenzako hajaweza bado kusoma maneno marefu, msomee.

Mtu akisha kujua kuandika barua, mara nyingi hujiuliza: Je, mimi naweza kutunga hadithi kama zile za vitabuni, au kazi ile ni ya watu waliokaa shule miaka mingi? Jibu limo katika historia, na historia hiyo yapita wilayani Kisarawe, pale Minaki.

Wengi wenu mwaijua Minaki kuwa ni shule ya sekondari ya serikali. Lakini shule ile haikuanzia Kisarawe. Ilianzia Kiungani, nje kidogo ya mji wa Unguja, ikahamishiwa Minaki mwaka 1925. Basi hatuna budi kuvuka bahari kwanza, turudi nyuma mpaka mwaka 1864.

Mwaka huo wamisionari wa Kiingereza, Askofu Tozer na Padre Steere, walifika Unguja. Biashara ya watumwa ilikuwa bado inaendelea. Sultani Majid akawapa wavulana watano waliotolewa katika jahazi la watumwa. Hao watano ndio waliokuwa wanafunzi wa kwanza. Baadaye wakaja wengine, wengi wao wakitoka katika majahazi yaliyokamatwa baharini na manowari za Kiingereza. Walitoka nchi mbalimbali za bara, kila mmoja na lugha yake. Kiswahili kwao kilikuwa lugha ya kujifunza, kama vile kusoma kulivyo kwako leo jambo la kujifunza.

Walijifunza kusoma, kuandika na kupiga chapa. Kisha mwalimu wao mmoja, Arthur Cornwallis Madan, yule aliyetunga kamusi za Kiswahili baadaye, akawapa kazi ya ajabu: kila mvulana aandike kwa Kiswahili habari za maisha yake mwenyewe. Wakaandika. Mwaka 1887 maandishi yao yalitokea London katika kitabu kiitwacho Kiungani. Toka 1864 mpaka 1887 ni miaka mingapi? Ihesabu mwenyewe. Miaka 23 tu, na watoto waliouzwa kama bidhaa wametoa kitabu.

Waliandika nini? Waliandika habari za kwao, jinsi walivyotekwa, njia ndefu ya kwenda pwani, jahazi, na shule. Hapa nataka usimame kidogo, maana hapa ndipo lilipo somo la mtunzi. Mtoto aliyetekwa hajui habari za mikataba ya wafalme, wala bei ya mtumwa katika soko la Unguja. Ajua njaa. Ajua nani alimshika mkono, na mama alikuwa wapi saa ile. Wakubwa wa siku zile waliandika vitabu vingi juu ya utumwa, vyenye hesabu na hoja, na vitabu hivyo vina faida yake. Lakini msomaji akitaka kujua utumwa ulikuwaje ndani ya moyo wa mtu, atawaendea wavulana wale, kwa sababu waliandika kile kilichowapata na hawakujitia kujua zaidi.

Lakini liko jambo linalonisikitisha katika kitabu kile. Kimetoka kwa Kiingereza. Madan aliyafasiri maneno ya wavulana, na jina lililowekwa mbele ni lake. Wao wameitwa wavulana wa shule tu. Naamini Madan aliwatakia mema. Hata hivyo, Kiswahili chao wenyewe, jinsi walivyochagua neno hili wakaacha lile, hakimo katika kitabu kile. Steere alikuwa amefanya vingine mwaka 1870 alipotoa ngano za Unguja: aliweka Kiswahili upande mmoja na Kiingereza upande wa pili, na kwa hiyo twaweza hata leo kusikia sauti ya msimulizi. Neno hilo, Msimulizi, ndilo jina la gazeti lililoanza kutolewa na misheni ile huko Unguja mwaka 1888.

Sasa waweza kusema: Hayo ni maisha yao ya kweli, bado si hadithi ya kubuni. Ni sawa. Basi tazama hatua iliyofuata.

Katika mwaka 1934 James Mbotela, Mkenya wa Frere Town karibu na Mombasa, alitoa kitabu kwa Kiswahili, Uhuru wa Watumwa. Baba yake alikuwa miongoni mwa watumwa waliookolewa. Mbotela mwenyewe hakutekwa wala hakupandishwa jahazini. Habari alizipata kwa wazee. Akazipanga, akazisimulia kana kwamba msomaji yupo palepale. Ndiyo maana wataalamu wameshindana: wengine hukiita kitabu cha historia, wengine hukiita riwaya ya kwanza ya Kiswahili. Wako pia waliomlaumu kwa kuwasifu Waingereza kupita kiasi, na lawama hiyo ina haki. Lakini kwa mwanafunzi wa utunzi ugomvi ule wafundisha kitu: mpaka kati ya habari na hadithi ni mwembamba, nawe wauvuka siku unapoanza kueleza moyo wa mtu ambaye hukuwa wewe.

Na mtu aliyevuka kabisa? Muhammed Said Abdulla wa Unguja. Hadithi yake Mzimu wa Watu wa Kale ilipata ushindi katika mashindano ya utunzi ya Afrika Mashariki ya mwaka 1957 na 1958, ikapigwa chapa mwaka 1960. Ni hadithi ya upelelezi, na mpelelezi wake, Bwana Msa, hakuwahi kuzaliwa popote. Na kazi ya Abdulla ilikuwa nini? Alikuwa mhariri wa Mkulima, gazeti la mambo ya kilimo. Ninyi wakulima wa Kibaha, lifikirini hilo.

Sasa tujaribu wenyewe. Tuseme mama mmoja wa Kisarawe amepeleka gunia la korosho kwenye mizani. Nyumbani lilikuwa kilo 50, na mizani yasema 48. Ukiandika hivyo, umeandika habari. Yafaa kwa barua ya malalamiko. Sasa tubuni: anayepima ni mtoto wa kaka yake.

"Shangazi, ni kilo arobaini na nane."

"Nyumbani yalikuwa hamsini, mwanangu."

"Mizani haina undugu, shangazi."

Umeona? Sasa msomaji anataka kujua. Kijana amekosea, ama ameiba? Kama ameiba, ana deni la nani? Na shangazi, akipiga kelele mbele ya watu, atamwambia nini kaka yake jioni? Kilo zilizopungua ni mbili tu, lakini jamaa nzima imo hatarini. Korosho waijua, mizani waijua, na shangazi wa namna ile umewahi kumwona. Ulichobuni ni sababu iliyofichika tu. Wala usimweleze msomaji kwamba kijana ni mbaya. Mwache aone mkono wake ukitetemeka juu ya mizani.

Kazi ya juma hili ni hii. Siku ya kwanza, andika ukurasa mmoja wa jambo lililokupata kweli, ukianza na kile ulichokiona kwa macho. Siku ya tatu, chukua jambo lilelile, ulitie mtu asiyekuwapo, naye awe na haja yake mwenyewe. Badilisha majina ya majirani, tusije tukagombana. Jina lako usilibadilishe. Liandike juu ya ukurasa kwa herufi kubwa.

Siku ya darasa kila mtu asome kazi yake kwa sauti. Wengine wasikilize, na pale watakapotaka kuuliza "ikawaje?", mwandishi atie alama kwa kalamu pembeni.