PlayStation 2, diski ya mfukoni na majina yetu

Mara hii hatuandiki juu ya makaratasi wala juu ya mgao wa chakula. Tunaandika historia ya ile mashine nyeusi inayokaa chini ya televisheni, ambayo hapa Kamembe na kule ng'ambo Bukavu kila mtoto anaiita "play" tu. Kuna watu wa mashirika walituuliza kwa nini tunahangaika kuhamisha gemu kutoka kwenye diski ya nje kwenda kwenye mashine ya miaka zaidi ya ishirini, wakati simu ina gemu za bure. Jibu ni refu kidogo. Lina Japani ndani yake, lina koltani, lina mto Rusizi, na lina majina ya watu.

Tuanze na mashine yenyewe. PlayStation 2 iliingia madukani Japani tarehe 4 Machi 2000. Hakuna mashine ya gemu ya nyumbani iliyouzwa kuliko hiyo duniani: ni zaidi ya milioni 155. Sony waliacha kuitengeneza mwanzoni mwa 2013, lakini ajabu ni kwamba gemu mpya bado zilitoka baada ya hapo. FIFA 14 na PES 2014, zote za mwisho wa 2013, zilikuja pia kwa PS2. Yaani mama amekwisha kuzikwa na bado watoto wanazaliwa. Sababu ni sisi, na watu kama sisi wa Brazil, wa Asia, wa Afrika yote, ambao mashine mpya hatukuweza kununua na hii ya zamani hatukuitupa.

Sasa koltani. Wengi wetu tunatoka Kivu, na tumesikia maneno ya kwamba PlayStation ndiyo ilileta vita kwetu. Tuseme wazi: hesabu haikubali. Vita vya pili vya Kongo vilianza Agosti 1998, mwaka mmoja na nusu kabla ya PS2 kuuzwa hata moja. Lakini upande mwingine wa hadithi ni wa kweli. Ndani ya vifaa vya umeme kuna kapasita ndogondogo za tantali, na tantali inatoka kwenye koltani. Mwaka 2000 dunia ilizitaka sana kwa ajili ya simu, kompyuta na mashine za gemu, bei ikapanda mara kadhaa kwa miezi michache, kisha mwaka uliofuata ikaanguka. Wale walioacha mashamba yao wakakimbilia machimbo ya Kalehe au Masisi walijikuta na mashimo. Aprili 2001 kundi la wataalamu wa Umoja wa Mataifa lilitoa ripoti juu ya uporaji wa mali ya Kongo, na koltani ilikuwa humo. Kwa hiyo mashine haikuanzisha vita, ila soko lake lilikula kwenye sahani ileile. Miaka baadaye inaturudia ikiwa ya mitumba, imekwisha kuchezwa na watoto wa watu wengine, na sisi tunailipia tena. Tukifungua kifuniko kusafisha vumbi, kuna mmoja wetu kila mara anatania: "Salimieni udongo wa kwetu."

Ilipofika kwetu, PS2 haikuwa ya nyumba, ilikuwa ya sali. Wakubwa wetu wanakumbuka zile sali za Kadutu na Nyawera: kibanda, benchi, televisheni mbili tatu, na mwenye mali amekaa mlangoni anahesabu mechi. Anayefungwa anatoka, anayeshinda anabaki. Adui wa biashara ile hakuwa polisi wala wazazi, alikuwa DVD yenyewe. Diski inashikwa na mikono ya mihogo, inaanguka sakafuni, inakwaruzika. Leza nayo inachoka, inaanza kusoma kwa shida, mwisho televisheni inaonyesha ukurasa mwekundu wa kukataa diski. Fundi anafungua, anageuza kiskrubu kidogo cha leza, mashine inaishi wiki tatu, inakufa tena.

Na DVD za sali karibu zote zilikuwa za kunakiliwa, ambazo PS2 kwa asili yake haizikubali. Ili izikubali, mafundi walikuwa wanalehemu chipu ndani, nyaya nyembamba kama nywele, na fundi mwenye mkono unaotetemeka aliua mashine nyingi. Huo ndio ulikuwa mlango wa kwanza wa kuikwepa Sony. Mlango wa pili ndio tunaotaka kuueleza, kwa sababu hauhitaji moto wa kulehemu.

PS2 za kwanza, zile nene, zilikuwa na nafasi nyuma ya kuingiza diski ngumu. Watu wakagundua kwamba gemu yote inaweza kukaa kwenye diski hiyo na DVD ikabaki kabatini. Halafu mwaka 2004 Sony wakaleta ile nyembamba, tunayoijua wengi, na nafasi ile ikaondolewa. Yakabaki matundu mawili ya USB mbele. Hapo ndipo watu wasiojulikana kwa sura, wanaoandika programu usiku bila kulipwa na mtu, wakafanya kazi iliyotufaa zaidi ya misaada mingi. Mwaka 2008 ikatoka Free McBoot, programu inayokaa kwenye memori kadi ya kawaida ya megabaiti 8 na kuamka mashine inapowashwa. Baadaye ikaja Open PS2 Loader, inayosoma gemu kutoka kwenye flashi au diski ya nje kana kwamba ni DVD.

Angalieni namna Free McBoot inavyosambaa. Kadi tupu haiwezi kujiwekea yenyewe. Kwa kawaida unahitaji mashine ambayo tayari ina kadi iliyowekwa. Unachomeka kadi yako pembeni ya kadi ya mwenzako, programu inajinakili, unarudi nyumbani na yako. Ni kama zamani kuomba moto kwa jirani: unakwenda na kipande cha chungu, unarudi na makaa, na moto wa jirani haupungui. Ndiyo maana kadi hizi zilisambaa kwa mkono, rafiki kwa rafiki, sali kwa sali, na zikavuka mto bila kuonyesha kitambulisho. PS2 za mwisho kabisa zilizibwa, Free McBoot haikubali kuamka humo, mpaka 2020 ilipopatikana njia nyingine ya kuingilia kwenye kichezeshi cha DVD cha mashine yenyewe.

Kuhamisha sasa. Diski ya nje inaandaliwa kwenye kompyuta kwa mpangilio wa FAT32, kwa sababu Open PS2 Loader za zamani hazijui mwingine. FAT32 ina sheria yake: faili moja haliwezi kufika gigabaiti 4. DVD ya gemu inaweza kuwa na 4.7. Kwa hiyo gemu kubwa inakatwa vipande vya gigabaiti moja moja kwa programu ya kompyuta, na orodha ndogo inaandikwa ya kuiambia mashine vipande gani ni vya nani. Zile ndogo zinaingia nzima kwenye folda inayoitwa DVD, au CD kama ni za diski ya CD. Kitu ambacho wengi hawakijui: vipande vya gemu lazima vikae mfululizo kwenye diski. Ukifuta moja, ukaongeza nyingine, ukafuta tena, nafasi inakuwa na matobo kama shamba lililopandwa na walevi, na mashine inakataa. Ni heri kufuta yote na kunakili upya, moja baada ya nyingine, bila haraka.

Halafu kuna mwendo. Tundu la USB la PS2 ni la kizamani, linapitisha karibu megabaiti moja kwa sekunde, wakati DVD yake inasoma mara nne au tano ya hapo. Mechi inaenda vizuri kwa sababu uwanja umeshapakiwa kwenye kumbukumbu ya mashine, lakini video za mwanzo wa gemu zinakwama, sauti inakata kama redio ya milimani. Sisi tunaziruka tu kwa kubonyeza. Mwenye PS2 nene yenye diski ya ndani anaweza kuupita ugonjwa huu, ila asijaribu kuijaza kupitia tundu la USB la mashine: gemu moja ya gigabaiti 4 itamla zaidi ya saa nzima, na kurant ya huku haina subira ya saa nzima. Aitoe diski, aichomeke kwenye kompyuta, ajaze, airudishe.

Tumetaja kurant, tuseme neno juu yake. Sehemu ya umeme wa huku Rusizi na wa Bukavu inatoka kwenye mto mmoja. Kituo cha Ruzizi ya pili, kilichoanza 1989, ni cha nchi tatu pamoja: Rwanda, Burundi na Kongo. Viongozi wakinuniana, mto unaendelea kuwasha televisheni pande zote mbili. Hatusemi zaidi.

Lakini watu walivuka. Mei na Juni 2004, vita vilipoingia Bukavu, maelfu walikuja Cyangugu, kabla haijaitwa wilaya ya Rusizi. Februari 2025 watu walivuka tena. Katikati yake kuna mivuko mingine mingi ambayo haikuandikwa popote. Wengi wamepita Nyarushishi kwenye kambi ya mpito, kisha wakapelekwa Kigeme, Mahama, au wakabaki mjini kwa ndugu. Mtu anayevuka haraka habebi televisheni. PS2 yenyewe hawezi, ni nzito na inatamanisha mikono ya njiani. Lakini diski ndogo ya inchi 2.5 inaingia mfukoni, na memori kadi inaingia kwenye soksi. Kwetu ziko diski zilizofika namna hiyo, pamoja na vyeti vya shule na picha ya bibi. Mwenye diski alipofika, cha kwanza aliuliza: nani ana play?

Na hapo wengi wanadhani hazina ni zile gemu. Hapana. Gemu inapatikana, PES iko kila mahali, wenzetu wa Brazil wameibadilisha mpaka ina timu zao zote na wachezaji wa msimu huu, wanaiita Bomba Patch. Hazina iko kwenye ile kadi ya megabaiti 8. PES inakuruhusu kubadilisha majina na sura za wachezaji, na mabadiliko hayo hayakai kwenye gemu, yanakaa kwenye faili dogo ndani ya memori kadi. Vijana wa kabla yetu walichukua timu za bandia wakazigeuza kuwa mitaa: timu ya Kadutu, timu ya Panzi, timu ya kambi. Walimpa kipa jina la jirani aliyekuwa anadaka vizuri kwa kweli. Walimpa mshambuliaji kasi ya chini kwa utani, kwa sababu mwenye jina lake alikuwa mvivu wa kukimbia. Humo kuna mtu aliyekwenda Canada kwa mpango wa kuhamishwa, kuna wawili wako Mahama, kuna mmoja aliyerudi Bukavu hatujasikia habari zake, na kuna mmoja aliyefariki. Kwenye skrini bado anavaa namba 8 na anapiga kona.

Kadi hizo sasa ni za zamani. Umeme ukikatika wakati inaandika, faili linaharibika, na hakuna kampuni ya kumpigia simu. Gemu ukiipoteza utainakili kwa jirani, lakini orodha ile jirani hana.

Kwa hiyo wenzetu wa mashirika, hii ndiyo sehemu yenu. Tunajua kunakili gemu ambayo hukuinunua ni kosa kisheria, na hatuwaombi mfadhili hilo. Mwenye DVD halali za PS2 kwenye boksi nyumbani kwao Ulaya, zije, tutazihamisha wenyewe kutoka kwenye diski zake. Tunachoomba zaidi ni saa moja ya kompyuta kwa wiki na diski moja ya akiba. Majina yale ni ya wachezaji wenyewe, Sony hawana lao humo.

Na nyinyi vijana mlio na kadi za zamani, popote mlipo, fanyeni hivi kabla ya kugusa gemu yoyote. Washeni mashine na kadi yenye Free McBoot, fungueni programu ya mafaili inayoitwa uLaunchELF. Kadi ya kwanza itaonekana kama mc0, ya pili mc1, diski ya nje kama mass. Ingieni kwenye kadi, tafuteni folda ya PES, mnakili folda nzima, mkaibandike kwenye mass. Msizime mpaka neno la kunakili liondoke kwenye skrini. Halafu chomoeni diski, nakilini tena folda hiyo kwenye kompyuta ya mtu mwingine anayeishi nyumba nyingine. Sisi za timu ya Kadutu tayari tunazo sehemu tatu. Za Panzi bado tunatafuta mwenye kadi. Alivuka Februari, mara ya mwisho alionekana Kamembe karibu na gari za kwenda Kigali.