Mate ya Wajawazito katika Utabibu wa Ulaya: Kutoka Dalili ya Mimba hadi Kero ya Mgonjwa

Mtu mzima mwenye afya hutoa takriban nusu lita hadi lita moja na nusu ya mate kwa siku, na karibu yote huyameza bila kujitambua. Kwa baadhi ya wajawazito hali hubadilika katika wiki za mwanzo: mate hujaa kinywani, kumeza huleta kichefuchefu, na mama hulazimika kutema mchana kutwa. Kwa wengine hali hii hutulia mimba ikifika katikati. Kwa wengine huendelea hadi kujifungua. Kwa kuwa haiui, haikupewa nafasi kubwa katika historia ya utabibu. Hata hivyo, namna ilivyoandikwa, na hasa namna ilivyoacha kuandikwa kwa uzito, inafichua jambo kuhusu tabibu alitafuta nini alipomtazama mwanamke mjamzito.

Soranus wa Ephesus, aliyefanya kazi Roma katika karne ya 2, alikusanya chini ya jina moja usumbufu wote wa miezi ya mwanzo: tumbo lililojaa majimaji, kichefuchefu, kuchukia chakula, na hamu ya kula udongo na mkaa. Kwake huo ulikuwa ugonjwa wa kutibiwa kwa lishe na mapumziko. Haukuwa ushahidi wa kuthibitisha chochote.

Maana hiyo ilivurugwa na zebaki. Tangu mwishoni mwa karne ya 15, kaswende ilipoenea Ulaya, wagonjwa walipakwa, walifukizwa na kumezeshwa zebaki. Sumu hiyo husababisha mate kububujika, na matabibu waliyachukulia mate hayo kuwa ndiyo uchafu wa ugonjwa unaotoka mwilini. Kadiri yalivyozidi, ndivyo tiba ilivyodhaniwa kufaulu. Kwa karne tatu na zaidi, kutema mate mengi kulikuwa alama iliyojulikana na watu wote, na alama ya aibu. Isitoshe, kalomeli, ambayo ni chumvi ya zebaki, ilitolewa pia kwa homa, kwa tumbo na kwa maradhi ya ini. Mwanamke aliyekuwa akitema mate angeweza kuwa mjamzito, au mgonjwa wa kaswende anayetibiwa kwa siri, au mtu aliyetiwa sumu na daktari wake mwenyewe.

Katika muktadha huo ndipo inapoeleweka kazi ya William Montgomery wa Dublin, aliyechapisha mwaka 1837 kitabu kizima kuhusu dalili za ujauzito. Vitabu vya ukunga vya zama hizo viliyataja mate miongoni mwa dalili za mimba, na vikatoa kigezo cha kuyatofautisha: mate ya zebaki huambatana na fizi zilizovimba na kuuma pamoja na harufu mbaya ya kinywa, ilhali mate ya mimba hayana hayo. Kigezo hicho kinasomeka kama jambo dogo la kitaalamu. Lakini kilisimama kati ya mwanamke na tuhuma nzito, hasa pale mume au mwajiri alipotaka kujua. Ikumbukwe pia kwamba Uingereza wakati huo mwanamke aliyehukumiwa kifo aliweza kuomba hukumu icheleweshwe kwa sababu ya mimba. Swali la dalili halikuwa la vitabuni tu.

Maabara zilichangia kidogo. Carl Ludwig alionyesha mwaka 1851 kwamba tezi za mate huamrishwa na neva, na mwaka 1872 Rudolf Heidenhain alionyesha kwamba atropini huzuia amri hiyo. Dawa ya kukausha kinywa ikapata maelezo. Chanzo cha mate ya mimba hakikupata.

Mageuzi makubwa yalitoka kwingine. Mwanzoni mwa miaka ya 1890, Rudolf Kaltenbach alidai kwamba kutapika kwa kupindukia katika mimba kunatokana na histeria. Mate, ambayo mara nyingi huandamana na kutapika, yaliburutwa katika maelezo hayo hayo. Kufikia miaka ya 1930 wapo matabibu waliowatenga wagonjwa wa kutapika na kuwanyima hata bakuli, kwa imani kwamba wangeacha. Kisha, mwaka 1928, Selmar Aschheim na Bernhard Zondek wa Berlin walitangaza kipimo cha mimba kilichotumia mkojo uliodungwa kwa panya wachanga wa kike. Mkojo sasa ulijibu swali ambalo mate, matiti na tumbo vilikuwa vikijibu kwa mashaka. Dalili iliyopoteza kazi yake ya ushahidi ikabaki kuwa lalamiko, tena lalamiko la mtu aliyekwisha kushukiwa kuwa na matatizo ya nafsi. Ni vigumu kuona katika hatua hii maendeleo matupu, ingawa ndivyo historia nyingi za ukunga zinavyoisimulia.

Katika utafiti wa karibuni zaidi mjadala umehamia kwenye kumeza: je, tezi hutoa mate kupita kiasi, au mama hushindwa tu kuyameza ya kawaida kwa sababu ya kichefuchefu? Kiasi kinachotemwa, ambacho huweza kufikia lita mbili kwa siku, hakitoshi kuamua peke yake. Kigezo cha fizi na harufu kilimwezesha tabibu wa 1837 kuamua bila kumuuliza mwanamke neno lolote. Kwa swali hili ni lazima aulizwe anachohisi mate yanapofika kooni.