Korti imesema walipwe. Mbona hawajalipwa? (UZI)

1/ Kila Mei 1 mshahara wa chini ukitangazwa, lazima mtu aulize: waajiri wakienda kortini, hiyo nyongeza inasimama? Kabla hatujarushiana maneno, turudi 2015. Nilikuwa shule ya msingi hapa Katelembo, Machakos, na Septemba hiyo nilichunga mbuzi badala ya kwenda darasani.

2/ Juni 30, 2015, Jaji Nduma Nderi wa Mahakama ya Ajira aliwapa walimu nyongeza ya asilimia 50 hadi 60, ihesabiwe kuanzia Julai 2013. KNUT na KUPPET wakashangilia. TSC ikakata rufaa.

3/ Hapa ndipo wengi hupotea. Kukata rufaa peke yake hakusimamishi uamuzi. Lazima uombe amri ya kusimamisha utekelezaji. Kwa Mahakama ya Rufaa unaonyesha mambo mawili: kwamba rufaa yako ina hoja, na kwamba usipopewa amri hiyo, hata ukishinda baadaye ushindi utakuwa wa bure. Kwa hivyo mtu akipewa amri, bado hajashinda kesi. Amepewa muda tu.

4/ Mwajiri husema: nikilipa leo na nishinde kesho, nitazidai vipi kwa mtu ameshalipa karo na kununua unga? Hoja ina uzito. Lakini mfanyakazi naye ana yake: tumbo halingoji rufaa, na shilingi ya leo ikilipwa miaka miwili baadaye hainunui kitu kile kile. Ndiyo maana amri hii huamua nani aumie wakati wa kungoja.

5/ Mwaka huo Mahakama ya Rufaa iliagiza nyongeza ianze kulipwa Agosti huku rufaa ikisubiri. TSC ikajaribu Mahakama ya Upeo, ikakosa. Pesa bado hazikuja! Walimu wakagoma, shule zikafungwa. Yaani hata ukiwa na agizo la korti mkononi, kulipwa ni safari nyingine.

6/ Novemba 6, Mahakama ya Rufaa ikafuta nyongeza yote. Sababu kubwa: ushauri wa Tume ya Mishahara (SRC), chini ya Kifungu cha 230 cha Katiba, haungeweza kurukwa.

7/ Mwalimu mmoja jirani yetu alikuwa amechukua mkopo wa sacco akitegemea ile nyongeza. Hukumu ilifutwa, mkopo haukufutwa. Pesa ambazo walimu walikuja kupata zilitoka mezani: mkataba wa pamoja (CBA) uliotiwa saini Oktoba 2016, ukaanza Julai 2017.

8/ Mshahara wa chini una njia yake: waziri hutoa agizo kwenye Gazeti rasmi la serikali. Lakini agizo likipingwa kortini, mchezo ni ule ule. Kwa hivyo ukisikia mwanasiasa yeyote akisema "korti imewaua wafanyakazi" au "tumeshinda", muulize matatu: Ni hukumu au ni amri ya muda? Ina masharti gani? Kesi yenyewe inasikizwa lini?

9/ Akishindwa kujibu, anakuuzia kelele. Na wewe usikope kwa hukumu ambayo bado ina rufaa. Mwisho wa uzi.