Mkopo wa nyumba wa Sh50 milioni, utalipa ngapi hadi umalize?

Ukikopa benki Sh50 milioni kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka, inayotozwa kwenye salio linalopungua, kwa miaka 15 utarejesha kama Sh700,000 kila mwezi. Jumla: Sh126 milioni. Riba peke yake ni Sh76 milioni.

Mwanzoni hela nyingi huishia kwenye riba. Katika rejesho la kwanza, Sh625,000 ni riba. Deni linapungua kwa Sh75,000 tu.

Ukichagua miaka 10, rejesho linapanda hadi Sh807,000, ila unaokoa Sh29 milioni.

Kabla hujasaini, omba ratiba ya marejesho na uulize:

• Bima, tathmini na ada ya mkopo ni kiasi gani?
• Riba inaweza kupanda?
• Nikimaliza mapema natozwa?

Kumbuka, dhamana ni nyumba yenyewe. Ukishindwa kulipa, inaweza kupigwa mnada.