Hospitali Zilizonyamaza: Mji wa Astoria, Sheria ya 1986 na Hazina ya Taarifa za Madaktari Marekani

Kila mjadala wa uzembe wa madaktari unapozuka Marekani, husikika dai kwamba Hazina ya Taifa ya Taarifa za Watoa Huduma za Afya ilizaliwa na wimbi la kesi za fidia, na kwamba ni silaha ya mawakili dhidi ya madaktari. Dai hili silikubali. Anayeisoma Sheria ya Kuinua Ubora wa Huduma za Afya ya mwaka 1986 kuanzia ukurasa wa kwanza atakuta sehemu kubwa yake inawalinda madaktari, si kuwaandama. Hazina ilikuwa bei ya ulinzi huo. Ulinzi walioutaka waliupata. Bei yenyewe, hospitali nyingi hazikuilipa.

Ya nyuma yanafahamika. Leseni za udaktari Marekani hutolewa na majimbo, kila jimbo na bodi yake, kwa hiyo aliyefukuzwa Ohio aliweza kuvuka mpaka akaanza upya kana kwamba hakuna lililotokea. Mwaka 1965 Mahakama ya Juu ya Illinois, katika kesi ya Darling, ilitamka kwamba hospitali nayo yaweza kubeba lawama kwa matibabu mabovu yanayofanyika chini ya paa lake. Miaka ya 1970 ikaja na bima ghali na kelele nyingi. Hayo yameandikwa vya kutosha. Ninataka tukae Astoria.

Astoria ni mji mdogo wa Oregon, mdomoni mwa mto Columbia, wenye watu wapatao 10,000. Ulikuwa na hospitali moja tu, Columbia Memorial, na wengi wa madaktari wake walikuwa waajiriwa au wabia wa kliniki moja ya binafsi, Astoria Clinic. Mwaka 1972 daktari wa upasuaji, Timothy Patrick, aliajiriwa na kliniki hiyo. Mwaka mmoja baadaye alikaribishwa kuwa mbia. Akakataa, akafungua chumba chake mwenyewe mji huo huo. Kuanzia hapo madaktari wa kliniki walikata ushirikiano naye. Badala ya kumpelekea wagonjwa waliohitaji upasuaji, waliwatuma kwa wapasuaji wengine, baadhi yao umbali wa kilomita 80. Mtu amtafakari mgonjwa huyo: tumbo linauma, mpasuaji yupo mtaani, naye anapandishwa gari kwa safari ya saa nzima au zaidi kwa sababu madaktari wamenuniana.

Mwaka 1979 mbia mmoja wa kliniki alipeleka lalamiko kuhusu Patrick kwenye kamati tendaji ya hospitali, nalo likafikishwa kwenye bodi ya madaktari ya jimbo. Bodi ilimwandikia barua ya karipio, kisha ikaifuta alipoipinga mahakamani. Mwaka 1981 kamati ya hospitali, kwa ombi la mpasuaji wa kliniki, ilianza kuchunguza kibali chake cha kutibu hospitalini hapo, ikapiga kura kwamba kiondolewe kwa kuwa huduma yake iko chini ya kiwango. Waliokuwa wakimhukumu ndio waliokuwa wakigombea wagonjwa naye. Patrick hakusubiri uamuzi wa mwisho. Alijiuzulu, na pia aliwashitaki wenzake kwa kuvunja sheria ya ushindani wa haki wa kibiashara. Baraza la wazee wa mahakama likampa dola 650,000, na kwa mujibu wa sheria hiyo fidia ikazidishwa mara tatu.

Hofu ikatanda kwa madaktari wa nchi nzima. Nani atathubutu kukaa kwenye kamati ya kumkagua mwenzake ikiwa kesho anaweza kudaiwa nyumba yake? Mbunge Ron Wyden wa Oregon, pamoja na Henry Waxman wa California, walipeleka hoja Bungeni, na Novemba 1986 Rais Ronald Reagan akatia saini. Mpango wenyewe ulikuwa rahisi kueleweka. Kamati inayomkagua daktari kwa nia njema, baada ya kutafuta ukweli, kumpa taarifa na kumsikiliza, isidaiwe fidia. Mkabala wake, hospitali, bodi za leseni na kampuni za bima ziandike kila adhabu na kila fidia, ziziweke mahali pamoja, ili daktari asihame na siri zake.

Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kesi ya Patrick tarehe 16 Mei 1988, kwa sauti moja na upande wake. Mahakama ya rufaa ilikuwa imewanusuru madaktari wa kliniki kwa hoja kwamba jimbo la Oregon lilikuwa likisimamia ukaguzi huo, ingawa ilikiri kuwapo kwa ushahidi wa nia mbaya. Jaji Thurgood Marshall aliandika kwamba jimbo halikuusimamia kwa vitendo, hivyo kinga ile haikuwapo. Wapo waandishi wanaomchora Patrick kama mkorofi aliyeharibu utaratibu mzuri wa madaktari kukaguana. Siwaelewi. Utaratibu unaomruhusu mshindani wa biashara kuwa mwendesha mashitaka na hakimu ulikuwa umeharibika kabla hajaugusa.

Hazina ilifunguliwa tarehe 1 Septemba 1990. Kampuni ya bima inayolipa fidia yoyote kwa ajili ya daktari, hata iwe ndogo namna gani, inapaswa kuripoti ndani ya siku 30. Hospitali inapaswa kuripoti ikimwondolea au kumpunguzia daktari kibali kwa zaidi ya siku 30, au daktari akijiuzulu wakati anachunguzwa. Inapaswa pia kuulizia Hazina kila daktari anapoomba kuajiriwa au kupewa kibali, kisha tena kila baada ya miaka miwili. Isipouliza, mahakama itachukulia kwamba iliyajua yote yaliyomo.

Chanzo ambacho wanahistoria wa sheria hii wanakipita haraka mno ni taarifa fupi ya Mkaguzi Mkuu wa Wizara ya Afya ya Marekani ya Februari 1995. Mkaguzi alihesabu ripoti za hospitali tangu siku ya kufunguliwa hadi mwisho wa 1993, akakuta kiasi cha asilimia 75 ya hospitali zote nchini hazikuwahi kuripoti adhabu hata moja. Zaidi ya miaka mitatu, hospitali tatu kati ya kila nne hazikumwona daktari wa kumsimamisha kwa mwezi mmoja? Mwaka 2009 shirika la kutetea wananchi, Public Citizen, lilirudia hesabu hiyo: karibu nusu ya hospitali bado hazikuwahi kuripoti. Kabla ya 1990 serikali ilitarajia ripoti 5,000 za hospitali kwa mwaka. Wastani uliopatikana ulikuwa kama 650.

Njia ya kukwepa ilikuwa ndani ya sheria yenyewe. Adhabu ya siku 30 au chini haifiki Hazinani, kwa hiyo mpasuaji aliyesimamishwa wiki nne anarudi kazini bila doa. Au anaachwa aondoke kabla uchunguzi haujaitwa uchunguzi, na barua nzuri ya sifa mkononi. Upande wa fidia kulikuwa na mwanya mwingine: shauri likimalizwa kwa jina la hospitali peke yake, na jina la daktari likatolewa kwenye madai, hakuna cha kuripoti. Mwaka 1993 mahakama ya rufaa ya Washington iliongeza kwamba daktari au mganga wa meno anayelipa fidia kwa fedha zake mwenyewe naye haripotiwi.

Madaktari hulalamika kwamba fidia si ushahidi wa uzembe, kwamba bima mara nyingi hulipa ili kumaliza usumbufu. Ni kweli, na sheria yenyewe inatamka hivyo. Lakini lalamiko hili limemeza mjadala wote, wakati ripoti iliyo na uzito zaidi, ile inayotoka kwa wenzake waliomwona akifanya kazi, ndiyo isiyoandikwa.

Gharama ya ukimya huo inaonekana katika kesi ya Michael Swango, iliyofika hadi Afrika. Mwaka 1985 alihukumiwa kifungo Illinois kwa kuwatilia sumu wafanyakazi wenzake wa gari la wagonjwa. Mwaka 1992 alipata nafasi ya mafunzo South Dakota, kwa hati za kughushi zilizoonyesha kwamba alifungwa kwa ugomvi wa ngumi. Hazina ilikuwa imekwisha kufunguliwa, lakini ilikusanya matukio ya tangu 1 Septemba 1990 tu. Ya nyuma hayakuwamo. Alipofukuzwa huko alipokelewa New York, kisha akaenda Zimbabwe, kwenye hospitali ya misheni ya Mnene, ambako wagonjwa walikufa katika mazingira ya kutiliwa shaka. Alikamatwa Chicago mwaka 1997 akiwa njiani kwenda kazini Saudi Arabia. Mwaka 2000 alikiri mahakamani kuwaua wagonjwa watatu katika hospitali ya maveterani New York.

Mwananchi wa kawaida haruhusiwi kuisoma Hazina. Mwaka 2000 mbunge Thomas Bliley alitaka ifunguliwe kwa umma. Chama cha Madaktari cha Marekani kilipinga, na hoja ikafa. Hoja yao kwamba wagonjwa hawataelewa wanachosoma ni dhaifu. Massachusetts ilipitisha mwaka 1996 sheria ya kuwaonyesha wananchi rekodi za fidia za madaktari kwa miaka kumi iliyopita, na wagonjwa wa jimbo hilo hawakuacha kwenda hospitali. Mwaka 2011 serikali iliondoa hata jedwali la takwimu lisilo na majina, baada ya mwandishi wa habari wa Kansas City kulilinganisha na rekodi za mahakama. Likarudishwa miezi michache baadaye, likiwa na masharti.

Na ukimya haukuisha. Novemba 2017 ofisi ya uwajibikaji ya serikali ilichunguza vituo vitano vya afya vya maveterani, ikakuta watoa huduma tisa waliostahili kuripotiwa Hazinani. Wanane hawakuripotiwa.

Wako madaktari wengi wema wa Marekani wanaokuja kufanya kazi katika hospitali zetu za misheni na za binafsi, na ninawashukuru. Waajiri wao huku wajue jambo moja: daktari yeyote mwenye leseni ya Marekani anaweza kujiombea nakala ya taarifa zake kutoka Hazina, kwa ada ndogo. Ninawaomba wakuu wa hospitali waiombe nakala hiyo pamoja na cheti cha mwenendo mwema kutoka bodi iliyomsajili, na wakumbuke kwamba karatasi tupu haimaanishi kwamba hakuna kilichotokea. Wapige simu pia hospitali alikotoka, waulize kwa nini aliondoka.