Kauboi Mwenye Haya na Dhahabu ya Kakamega

Miongoni mwa wahusika wanaojirudia katika vichekesho vya Magharibi ya Marekani ni kauboi mwenye haya. Kielelezo chake cha awali ni Algie, anayeigizwa na Billy Quirk katika Algie the Miner, filamu fupi isiyo na sauti iliyotolewa na kampuni ya Solax ya Alice Guy mwaka 1912. Algie, kijana laini, anapewa mwaka mmoja na baba wa mchumba wake ili athibitishe uanaume wake. Anakwenda Magharibi na bastola ndogo inayozua kicheko, anafunzwa na Big Jim, anapata dhahabu, kisha anarejea kudai mke.

Kidhamira, haya ya Algie ni pazia. Mtazamaji anayemcheka mgeni kwa woga wake humsahau mwenyeji. Dhahabu huchimbuliwa kana kwamba ardhi haikuwa na mwenyewe.

Historia ya Kakamega yaondoa pazia hilo. Mwaka 1931 L. A. Johnson, Mmarekani aliyekuwa mlowezi wa Turbo, aligundua dhahabu huko. Walowezi waliokwisha kuumizwa na nzige na mdororo wa uchumi wakamiminika. Wengi walikuwa wakulima wasiojua machimbo, akina Algie halisi. Hata hivyo, ardhi ile ilikuwa hifadhi ya Waafrika. Sheria ya mwaka 1930 iliahidi kwamba kipande chochote kitakachotolewa humo kingefidiwa kwa ardhi nyingine. Desemba 1932 sheria hiyo ilirekebishwa kwa haraka: fidia ikawa fedha. Hata Bunge la Uingereza lililijadili suala hilo mwaka 1933.

Ulinganisho huu ni wa utanzu, si wa athari ya moja kwa moja. Masimulizi yote mawili huanza na mgeni mnyonge anayestahili kuhurumiwa: mmoja kwa haya, mwingine kwa madeni. Katika yote mawili, dhahabu humkomboa. Tofauti ni kwamba filamu yaweza kufunga kisa kwa harusi, Kakamega haikuweza. Fedha hazioti mtama, wala hazizikwi wazee ndani yake. Kwa hiyo, mhakiki wa kichekesho cha aina hii hana budi kuuliza, kabla ya kucheka, shamba linalochimbwa ni la nani.